Harufu ya ndizi inavyoshusha bei ya asali ya Singida

Msomaji anayesafiri kupitia Manyoni akiulizia asali kando ya barabara, mara nyingi atatajiwa bei ya chupa tu. Iwe safi au inanuka moshi, bei ni ileile. Hapo ndipo mkoa wa Singida unapopoteza fedha.

Chanzo cha moshi huo ni harufu tunayoijua kwenye pipi. Ni isoamili asetati, esta iliyomo ndani ya ndizi mbivu, ambayo viwanda huitia katika pipi na aiskrimu ili kuzipa ladha ya ndizi. Mwaka 1962 watafiti Boch, Shearer na Stone walieleza katika jarida la Nature kwamba nyuki naye huitoa kwenye mwiba wake. Nyuki mmoja akichoma, harufu hiyo huwaita wenzake washambulie. (Ndiyo maana wafugaji huonywa wasile ndizi kabla ya kwenda mzingani.)

Moshi huwapunguzia nyuki uwezo wa kuinusa. Moshi kidogo wa bomba unatosha. Lakini mrinaji aliyepanda mtini usiku bila vazi la kinga hutegemea mwenge wa moto. Nyuki wanaungua na kupondwa, harufu inazidi, naye anazidisha moshi hadi masega yanaunywa. Ukichuja asali hiyo utaondoa nta na nyuki wafu, harufu itabaki.

Tumezoea kumlaumu mrinaji kwamba hana elimu. Mimi namlaumu mnunuzi. Kama mwenye mwenge na mwenye bomba wanalipwa sawa, nani atagharimia bomba, glavu na vazi? Mrinaji anapiga hesabu zake vizuri kuliko baadhi yetu tuliosomea biashara.

Huko nje hesabu ni nyingine. Kiwango cha kimataifa cha Codex, kilichorekebishwa mwaka 2001, hakiruhusu asali yenye harufu ngeni iliyoingia wakati wa kuitayarisha au kuihifadhi.

Wanunuzi wa jumla watangaze bei mbili kabla ya msimu wa kurina, na kila ndoo inuswe kabla ya kupandishwa kwenye mizani. Wapo watakaosema kwamba wateja wa mjini huamini asali ya moshi ndiyo ya asili. Kweli, wateja hao wapo. Wauziwe hiyo wanayoipenda, kwa bei ya chini.