Kampuni inabadilisha jina, sumu inabaki mwilini

Novemba 2019 shirika la Human Rights Watch lilitoa ripoti juu ya mashamba ya mawese ya PHC, kampuni ya Feronia, kule Lokutu, Boteka na Yaligimba, hapa hapa Kongo. Wanaume wanaopuliza dawa ya kuua majani na wadudu walisema ngozi inawasha na kutoka malengelenge, macho yanaona ukungu, na wengi nguvu za kiume ziliisha. Vifaa vya kujikinga havikutosha. Walisema pia walipimwa, lakini majibu hawakupewa.

Pesa za kampuni zilitoka kwa benki za maendeleo za Uingereza, Ubelgiji, Ujerumani na Uholanzi. Mwaka 2020 Feronia ikafilisika, mashamba yakapata wenyewe wengine. Sasa yule mwenye kuugua amudai nani?

Si kwetu tu. Huko Kimberley, Australia, wenyeji Waaborijini walipulizia serikali dawa ya 2,4,5-T kati ya 1975 na 1985. Miaka ya 2000 bado walikuwa wanadai haki. Sumu ya namna hii haina haraka: inapoonekana, bosi ameshaenda.

Juu ya nini hii imuhusu mtu wa Kalengera anayeenda kutafuta dhahabu Walikale ao koltani Rubaya? Juu moshi wa zebaki, ile merkiri ya kushikisha dhahabu, unaingia kwa pumzi na kuharibu mishipa ya fahamu. Mama mwenye mimba anampitishia mtoto. Vumbi ya shimo nayo inakula mapafu polepole.

Wale wa mawese angalau wana mwajiri. Kodi ya kazi ya 2002 inamulazimisha kulinda afya yao, na CNSS inapaswa kulipa ugonjwa wa kazi. Mchimbaji wa mikono hana bosi wa kushitaki. Ana koperative tu, na mara nyingi hata karatasi hana. Hapo ndipo kesi inafia, mbele hata avoka hajaitwa.

Basi ndugu, kadi ya mchimbaji na ya koperative vitunzwe nyumbani. Ukienda kwa muganga, mwambie kazi unayofanya, aiandike, na majibu uyadai: ni yako. Zebaki isichomwe jikoni penye watoto. Na koperative iulizwe mbele ya wote: mtu akiugua, nani atamlipia matibabu? Swali hilo liulizwe leo, wakati wakubwa wake bado wako.