Mwajiri naye asikilizwe

Dada zangu, mshahara ukikatwa mchango wa ZSSF kila mwezi na fedha zisifike kwenye Mfuko, hiyo ni amana iliyoliwa. Hata hivyo siwaungi mkono wanaosema mwajiri alipishwe tu, maelezo yake ya nini.

Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya 1977 inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu na kukata rufaa. Haki hiyo ikirukwa, mwajiri hukata rufaa, uamuzi ukatenguliwa, shauri likaanza upya. Anayeumia ni mama aliyekwishastaafu, bado anasubiri kiinua mgongo chake.

Lakini kusikilizwa si kuahirisha shauri kila wiki. Mwajiri aambiwe anadaiwa miezi gani na kiasi gani, apewe siku za kujibu, kisha uamuzi utoke.

Na wewe mfanyakazi una haki hiyo hiyo. Tunza mkataba na hati zako za mshahara, na uliza Mfuko mapema michango yako imefikia wapi. Siku ukiitwa, nenda na karatasi mkononi. Machozi peke yake hayathibitishi deni.