Raoul Peck na sinema tunayoogopa kuitazama



Vijana wa parokia wameomba kuonesha katika ukumbi wetu sinema iitwayo Sometimes in April, iliyoongozwa na Raoul Peck mwaka 2005, inayohusu mauaji ya kimbari ya Rwanda. Baadhi ya wazee wetu, kwa nia njema kabisa, wamenishauri niwakatalie, wakisema kwamba sinema za namna hiyo zinaliaibisha Kanisa. Nimewasikiliza kwa heshima. Hata hivyo naona tofauti nao, na ningependa kueleza sababu, nikianza na huyo mwongozaji mwenyewe.

Peck alizaliwa Haiti mwaka 1953. Familia yake iliukimbia udikteta wa Duvalier, na baba yake akapata kazi Kongo, nchi iliyokuwa imepata uhuru mwaka 1960. Hivyo mtoto huyo wa Haiti akakulia Léopoldville, ndiyo Kinshasa ya leo, ambako mama yake alifanya kazi katika ofisi ya meya. Baadaye alisomea sinema Berlin, na kati ya mwaka 1996 na 1997 alikuwa Waziri wa Utamaduni wa Haiti. Sehemu kubwa ya kazi yake imekuwa kuwarejea watu wa historia: Lumumba, mwandishi James Baldwin, hata Karl Marx katika ujana wake.

Kwa Lumumba alirudi mara mbili. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 alitengeneza sinema ya hali halisi, ambamo masimulizi ya mama yake yamefumwa pamoja na picha za kale. Mwaka 2000 akatoa sinema ya maigizo, iliyopigwa Zimbabwe na Msumbiji kwa kuwa Kongo ilikuwa vitani. Kwa maoni yangu ile ya kwanza ni bora zaidi. Ya pili inakwenda mbio mno, na asiyewajua wanasiasa wa enzi hizo hupotea njiani. Lakini inaonesha pasipo kuficha jinsi miili ya Lumumba na wenzake Mpolo na Okito, waliouawa Katanga tarehe 17 Januari 1961, ilivyofukuliwa na kuangamizwa ili pasiwepo kaburi la kuzuru. Serikali ya Ubelgiji iliomba radhi mwaka 2002. Jino moja la Lumumba lilirudishwa kwa watoto wake mwaka 2022. Peck hakuwa amengoja ruhusa ya wenye makosa ndipo asimulie.

Sinema ya Rwanda ina tabia hiyo hiyo, nayo inatugusa kwa karibu kwa sababu inapita Arusha. Augustin, Mhutu aliyekuwa kapteni wa jeshi na mume wa Mtutsi, anakwenda Arusha mwaka 2004, ambako ndugu yake Honoré anashtakiwa mbele ya ile Mahakama ya Kimataifa iliyofungwa mwaka 2015. Honoré alikuwa mtangazaji wa redio iliyochochea mauaji. Ni huyo huyo aliyejaribu kuwapitisha mke na watoto wa Augustin katika vizuizi vya barabarani, akashindwa. Ni vigumu kumchukia, na ni vigumu zaidi kumsamehe. Peck, aliyeipiga sinema hii Rwanda kwenyewe, hatupi mwokozi wa kutufariji kama ilivyofanya Hotel Rwanda ya mwaka 2004.

Sasa, kuhusu aibu ya Kanisa. Sinodi ya Maaskofu kwa ajili ya Afrika ilifunguliwa Roma tarehe 10 Aprili 1994, mauaji yakiwa yameanza siku chache tu kabla. Huko Kanisa lilitafakariwa kama Familia ya Mungu. Huku, wengi wa waliouawa na wengi wa waliowaua walikuwa wamebatizwa. Huko Nyange, kanisa liliangushwa kwa tingatinga juu ya watu takribani 1,500 waliokimbilia humo, na padre wa parokia hiyo, Athanase Seromba, alihukumiwa na mahakama ya Arusha mwaka 2006, kisha rufaa ya 2008 ikampa kifungo cha maisha. Ni padre kama mimi. Yuko pia Félicité Niyitegeka wa Gisenyi, aliyekataa kuwaacha watu aliokuwa amewahifadhi, akauawa. Wazee wetu wangependa tumtaje Félicité peke yake. Siwezi. Mwaka 2017 Baba Mtakatifu Fransisko aliomba msamaha wa Mungu kwa dhambi za Kanisa na za watoto wake katika mauaji yale. Tukizikwa kimya, tutakuwa tunamwachia yeye peke yake toba hiyo.

Wengine wanahofia damu. Katika vibanda umiza vya hapa Nkuhungu vijana hutazama maiti kumi kwa saa moja, wala sijaona mzee aliyekuja kulalamika.

Basi itaoneshwa Jumamosi, baada ya Masifu ya Jioni. Watoto wadogo wabaki nyumbani. Ni ya Kiingereza, hivyo kijana mmoja atafafanua kwa Kiswahili, naye nimemwomba asiongeze vichekesho. Tutabaki kwa mazungumzo, na wazee walionipinga nimewatengea viti vya mbele.