Mhusika Mwenye Jina Lake

Ipo dhana iliyoota mizizi katika uhakiki wa filamu, kwamba mtu anayeonekana kwa jina lake katika filamu ya hali halisi si mhusika, na kwa hiyo hahitaji kuhakikiwa kama mhusika. Orodha za waigizaji huiimarisha zinapoandika jina la mtu na kuongeza neno "mwenyewe", kana kwamba neno hilo limemaliza mjadala. Dhana hii ni potofu, na filamu za Kijapani zinaiumbua.

Mfano ulio bayana ni Yuki Yukite Shingun ya Hara Kazuo (1987). Okuzaki Kenzo, askari wa zamani aliyepigana New Guinea, na ambaye mwaka 1969 alimrushia Mfalme Hirohito gololi kwa manati, anazunguka nyumba kwa nyumba akiwasaili wanajeshi wenzake kuhusu askari wawili waliouawa kwa risasi za wenzao baada ya vita kwisha mwaka 1945. Mwanzoni anafuatana na ndugu wa marehemu. Ndugu hao wanapojitoa, Okuzaki anamtwika mkewe na rafiki yake kazi ya kujifanya jamaa wa marehemu, na wazee wanaosailiwa wanajieleza mbele ya wafiwa wa uongo. Filamu yenyewe haifichi jambo hilo. Je, mke huyu ameonekana kama nani?

Imamura Shohei, aliyempa Hara wazo la filamu hiyo, alikwisha kuuliza swali la namna hii katika Ningen Johatsu (1967), pale kuta za chumba zilipoondolewa watu wakiwa bado wanabishana ndani, ikabainika kwamba wamo studioni. Msomaji wa tenzi hapaswi kushangaa: mtunzi anayejitaja katika beti za mwisho anatimiza kaida ya utanzu, na jina lake ni sehemu ya utungo.

Hata hivyo, wanaokimbilia upande wa pili na kudai kwamba yote ni usanii tu hawana nafuu. Mzee mgonjwa anayepigwa mateke nyumbani kwake, kamera ikiendelea kurekodi, anaumia kweli. Hara amesimulia kwamba Okuzaki alimtaka amrekodi akimuua aliyekuwa kamanda wao. Tendo hilo halikurekodiwa. Lakini mwaka 1983 Okuzaki alikwenda kwa kamanda huyo, akampiga risasi na kumjeruhi mwanawe, akafungwa miaka 12. Mwana huyo hakuomba nafasi katika kisa cha mtu yeyote.

Swali ambalo wahakiki wamelikwepa, basi, si kama Okuzaki ni mkweli. Okuzaki aliitaka kamera, akaijua, akaitumia. Swali ni juu ya wale waliobishiwa hodi. Sifa zote za ujasiri humwendea yeye na mwongozaji wake, ilhali wazee wale huhesabiwa kuwa ushahidi tu, ingawa nao wako kwenye skrini kwa majina yao halisi, wakijibu maswali ya dada wa marehemu ambaye si dada.