Sahihi za shule zisifuate kiti cha askofu

Dayosisi ya Konde ya KKKT ilipogawanyika kuhusu makao makuu, yabaki Tukuyu au yahamie jijini Mbeya, huku Nyanda za Juu Kusini mazungumzo yote yalihusu kiti. Mwaka 2022 mkutano mkuu ulimwondoa Askofu Edward Mwaikali na kumchagua Geoffrey Mwakihaba. Mwaikali akapinga. Watu wakachukua pande. Mimi nilikuwa nawaza jambo jingine kabisa: huko shuleni nani atasaini hundi?

Nawaza hivyo kwa sababu nilikuwa mhasibu wa shule ya sekondari ya kanisa jingine mkoani Iringa, na uongozi wetu uligombana. Benki ilipokea barua mbili zenye mihuri miwili, kila moja ikitaja watia sahihi wake. Ikafanya ilichopaswa kufanya: ikazuia akaunti. Ada ziliendelea kuingia, lakini kutoa hata shilingi moja hakukuwezekana. Mahindi na maharage tukayachukua kwa mkopo, mpaka wafanyabiashara wakaanza kutukwepa. Mishahara ikasimama, michango ya NSSF haikupelekwa, mwalimu wetu wa fizikia akaondoka katikati ya muhula, na kidato cha nne wakabaki na vitabu bila wa kuwafundisha. Wazazi walikuja getini kuuliza, ada tumlipe nani? Nao walikuwa na haki ya kujibiwa.

Kisheria, shule ya namna hii haina uwezo wa kushtaki wala kushtakiwa. Mali yake iko mikononi mwa Bodi ya Wadhamini iliyosajiliwa na wakala wa serikali, RITA, chini ya sheria ya wadhamini, Sura ya 318, na Sheria ya Elimu ya mwaka 1978 inamtambua mmiliki na meneja wa shule. Mkifungua kesi kwa jina la shule, inaweza kutupwa kabla hoja hazijasikilizwa. Jambo la kwanza alilotuuliza wakili lilikuwa orodha ya wadhamini. Tulipoipata, ilikuwa bado na jina la mzee tuliyekwisha kumzika.

Naelewa kwa nini waumini husema shule ni yao. Baada ya sheria ya mwaka 1969, shule za mashirika zilitaifishwa, Tosamaganga ya Wakatoliki ikiwa mojawapo. Miaka ya themanini wazazi na makanisa ya mikoa hii walijenga shule nyingine kwa tofali za kuchoma, kwa fedha za mahindi, chai na kahawa. Mama aliyebeba tofali kichwani hawezi kuambiwa kwamba shule ni ya watu ambao majina yao hajawahi kuyasikia. Ana haki ya kuuliza. Lakini hati ya kiwanja haimtaji yeye, na hakimu husoma kilichoandikwa.

Kwa hiyo dawa iwe katika maandishi, na iwepo kabla ya ugomvi. Katiba ya dayosisi au jimbo iseme wazi kwamba mvutano wa uongozi ukitokea, akaunti za shule zibaki chini ya mkuu wa shule na bodi iliyokuwepo kabla ya mvutano, kwa matumizi ya chakula, mishahara na mitihani tu, hadi mahakama au mkutano halali uamue. Upande wowote usibadilishe meneja wala watia sahihi katika kipindi hicho. Wapo watakaosema hili linampunguzia askofu mamlaka. Ni kweli linampunguzia, na nadhani ni haki. Askofu ana madhabahu na sinodi. Mtoto wa bweni ana sahani moja.

Ndugu wajumbe wa mikutano mikuu, Walutheri, Wamoraviani na wengine, kuanzia Tukuyu hadi Iringa: ombeni orodha ya wadhamini wenu kutoka RITA mwezi huu, ondoeni majina ya marehemu, na kifungu hicho kiingizwe kwenye ajenda ya mkutano ujao, wakati bado mnasalimiana.