Kiti cha Mkubwa wa Biro

Katika jamaa nyingi za miji yetu wapo watu wawili wa namna hii. Mmoja ni baba mdogo, karani wa serikali tangu miaka ishirini. Wa pili ni mwana wa kaka yake, aliyetoka chuo kikuu na diploma mkononi. Mkubwa wa biro akiondoka, nani atakikalia kiti chake? Karani asema: «Kazi hii naijua, barua zote zimepita mikononi mwangu.» Kijana ajibu: «Baba mdogo, mimi nimeisomea.» Na wote wawili wala sahani moja!

Tusiwacheke. Ugomvi wao umeanza zamani katika Kongo.

Wakati wa Wabelgiji, Mkongo aliingia kazi ya serikali kwa mlango wa wasaidizi. Apande apandavyo, alifika mahali ngazi ilipokatika, kwa maana vyeo vya juu vilikuwa vya Wazungu. Joseph Kasa-Vubu, mwanafunzi wa seminari, aliandika hesabu katika biro ya fedha huko Léopoldville. Patrice Lumumba alikuwa karani wa posta huko Stanleyville. Watu kama hao hawakukosa akili, walikosa njia ya kupanda.

Mwaka wa 1959 ilitoka sheria mpya iliyowaweka watumishi wote, weupe na weusi, chini ya kanuni moja. Neno zuri! Lakini vyeo vya juu vilitaka diploma ya chuo kikuu, na Lovanium ilikuwa imefunguliwa mwaka wa 1954 tu. Ukuta wa rangi ulibomolewa, na nyuma yake ukaonekana ukuta wa diploma. Basi tarehe 30 Juni 1960, katika viti zaidi ya 4,500 vya madaraja matatu ya juu, Wakongo walikuwa watatu. Si mia tatu: watatu. Jeshini hapakuwa na ofisa Mkongo hata mmoja. Jenerali Janssens alipowaandikia askari ubaoni kwamba baada ya uhuru mambo ni yale yale ya kabla ya uhuru, waliasi.

Kisha Wabelgiji wengi walikimbia, na makarani wakapandishwa kwa majuma machache hata vyeo ambavyo hawakuwahi kuviota. Wengine wawalaumu hata leo. Mimi sikubali. Walijua kitabu gani kiko wapi, na kodi ya mtaa gani haijalipwa. Bila wao biro zingefungwa. Lakini walikuwa wamefundishwa kunakili amri, si kuzitoa. Kwa sababu hiyo ilifunguliwa Léopoldville shule ya sheria na utawala, iliyoitwa ENDA. Vijana wake walipomaliza masomo walikuta viti vingi vimekwisha kukaliwa na watu ambao hawajazeeka bado. Hapo ndipo baba mdogo na mwana wa kaka walipoanza kutazamana kwa jicho baya.

Leo iko sheria ya tarehe 15 Julai 2016 juu ya watumishi wa serikali. Kwa kawaida, mtu aingie kwa mtihani wa mashindano, kisha apande cheo kwa cheo kadiri ya kazi yake. Karatasi yasema vema. Lakini twaona nini? Wazee hawaendi pensheni, kwa maana waogopa kwenda nyumbani mikono mitupu. Wasipoondoka, wa chini yao hawapandi. Na vijana waingizwa kwa barua ya mkubwa fulani, bila mtihani, waitwa «nouvelles unités», nao wafanya kazi miaka na miaka pasipo mshahara. Walimu wengi wayajua hayo.

Mimi nasema hivi: karani wa miaka ishirini apewe nafasi ya kufanya mtihani ule ule anaofanya kijana, na miaka yake ihesabiwe. Akishinda, akalie kiti, hata kama hana diploma kubwa. Kijana akishinda, akae kwanza mwaka mmoja kando ya karani, ajifunze namna barua inavyopokewa, inavyoandikwa katika kitabu, na kwa nini mwananchi fulani amerudi mara nne kwa karatasi moja. Chuo kikuu hakifundishi jambo hilo. Lakini kupandisha mtu kwa sababu ya uzee wake tu, au kumwingiza kwa sababu ya kabila lake, ni kuwaibia wananchi wanaongoja dirishani.

Nanyi wanafunzi mnaomaliza mwaka huu: mkipewa barua ya kuingia kazini, msishone suti upesi. Ulizeni kwanza kama mtihani ulifanywa, kama kiti hicho kimeandikwa katika hesabu ya serikali, na kama mtapewa namba ya matrikule. Wasipowajibu, rudini nyumbani mkamwulize baba mdogo. Yeye ajua ni wangapi wanaongoja mshahara katika biro ile.