Arifa za Michezo ya Simu: Nani Kaipa Katuni Idhini ya Kuingia Kwako Usiku?



Ndugu zangu katika imani, leo nataka tuzungumze jambo ambalo wengi wataliona dogo. Najua kuna atakayeniandikia, "Sheikh, umma una mambo makubwa, wewe unatuletea habari za arifa za simu?" Haya, nimesikia. Soma mpaka mwisho kisha ndio uniambie kama ni dogo.

Nazungumzia arifa za michezo. Simu iko kimya mezani, mara inang'aa na kulia: maisha yako yamejaa, rudi ucheze. Kijiji chako kimevamiwa. Zawadi yako ya leo inakaribia kwisha. Hakuna aliyefiwa, hakuna mteja, hakuna mgonjwa. Ni katuni inakuita, na mkono wako umeshafika kwenye simu kabla hujafikiri.

Sasa tuanze na jambo tunalolijua sote, adabu ya hodi. Katika Surat an-Nur, aya ya 27 na 28, Allah ametufundisha tusiingie nyumba zisizokuwa zetu mpaka tuombe ruhusa na tuwatolee salamu wenyewe, na tukiambiwa turudi, basi turudi. Swahaba waliishika adabu hii sawasawa. Abu Musa al-Ash'ari (r.a.) alikwenda kwa Umar (r.a.) akaomba ruhusa mara tatu. Umar alikuwa na shughuli, hakuitikia. Abu Musa akageuka, akaondoka. Alipoulizwa baadaye, akasema ndivyo Mtume wa Allah (s.a.w.) alivyotufundisha: mara tatu, usipopewa ruhusa, rudi. Umar akataka shahidi wa maneno hayo, na Abu Said al-Khudri (r.a.) akasimama kushuhudia. Kisa hiki kimo katika Bukhari na Muslim.

Huyo ni Abu Musa, kwenye mlango wa Amirul-Muuminin, na bado alirudi. Kwetu sisi Waswahili mtoto mdogo anajua kusimama nje ya pazia na kusema hodi. Mgeni akiingia moja kwa moja mpaka chumbani, hata kama ni jamaa, maneno yake yatasemwa mtaa mzima.

Lakini nenda mbele kidogo katika sura hiyo hiyo, aya ya 58. Hapo Allah anataja nyakati tatu ambazo hata watoto wenu wa ndani ya nyumba, ambao hawajabaleghe, waombe ruhusa kabla ya kuwaingilia: kabla ya swala ya alfajiri, adhuhuri mnapovua nguo zenu kupumzika, na baada ya swala ya Isha. Tazama ulinzi huo. Mtoto wako wa kumzaa, anayekula sahani moja na wewe, saa hizo tatu anabisha.

Chukua simu yako sasa, tazama saa ambazo arifa za michezo ziliingia wiki hii. Utazikuta baada ya Isha. Utazikuta usiku wa manane, zimelundikana zinakusubiri, ndio kitu cha kwanza unachokiona unapoinuka kwa ajili ya alfajiri, kabla hata hujasoma dua ya kuamka. Utazikuta adhuhuri ulipojinyoosha dakika ishirini. Nyakati zile zile tatu ambazo mwanao anazuiwa, katuni imepita mlango wazi.

Tuseme haki hapa, maana Muislamu hasemi uongo hata juu ya mchezo wa simu. Mara nyingi mchezo huo uliomba ruhusa. Katika simu za iPhone ndivyo ilivyo kwa miaka mingi, na kwa simu za Android, tangu toleo la 13 lililotoka mwaka 2022, programu mpya inatakiwa ikuulize kwanza kama unairuhusu kukutumia arifa. Siku ulipoupakua kilitokea kidirisha kidogo, ukabonyeza "Ruhusu" bila kusoma ili uanze kucheza upesi. Au mwanao alibonyeza kwenye simu yako wewe. Hiyo ndiyo hodi, na ulisema karibu. Ila ulisema karibu isiyo na siku wala saa, na hakuna mwenye nyumba duniani anayempa mgeni karibu ya namna hiyo. Ndiyo maana nasema idhini hii ni yako, na aliyetoa idhini anaweza kuiondoa leo.

Wengine hawajui jinsi mtego huu ulivyopangwa, kwa hiyo nitaueleza kidogo. Chukua mchezo maarufu wa Candy Crush Saga, ulioko tangu 2012, ambao akina mama wengi wanaujua kuliko vijana. Unapewa maisha matano. Ukishindwa unapoteza moja, na kila moja linarudi baada ya dakika 30. Piga hesabu: yote matano yanarudi kwa saa mbili na nusu. Dada yangu, ukimaliza maisha yako saa tatu usiku, watoto wameshalala na wewe umesema sasa nami nipumzike, yatakuwa yamejaa saa tano na nusu. Saa tano na nusu usiku! Hapo ndipo mchezo unapata sababu ya kukuita. Haukujui wala haukuchukii. Unahesabu tu, na hesabu yake inaangukia kwenye usingizi wako. Mtume (s.a.w.) alikuwa hapendi kulala kabla ya Isha wala mazungumzo baada yake. Wanazuoni wetu wanaeleza kuwa sababu mojawapo ni kuilinda alfajiri, na mazungumzo yenyewe wanayoyasema ni ya mtu na mtu, si ya mtu na pipi za rangi.

Msidhani haya ni maneno ya masheikh peke yao. Mwaka 2022 kampuni ya Epic Games, yenye mchezo wa Fortnite, ilikubaliana na serikali ya Marekani kulipa dola milioni 520. Sehemu ya fedha hizo ilikuwa ni adhabu kwa mambo ya faragha ya watoto, na dola milioni 245 zilikuwa za kuwarudishia wachezaji walionaswa na vitufe vilivyopangwa kwa namna ya kuwafanya wanunue vitu wasivyokusudia. Kesi ile haikuwa ya arifa, nakubali. Lakini inakuonyesha kwamba mahali pa kitufe, rangi yake na wakati wake ni mambo yanayokaliwa vikao na watu wanaolipwa vizuri.

Hapa kijana mmoja ataniambia, "Sheikh, mimi sina tatizo, arifa ikija naipuuza." Mashaallah. Nikukumbushe khamisa. Mtume wetu (s.a.w.) aliswali amevaa nguo yenye nakshi, khamisa, akaitupia jicho mara moja tu. Alipomaliza swala akaagiza nguo ile ipelekwe kwa Abu Jahm, aletewe badala yake nguo nene isiyo na mapambo, kwa kuwa ile ilimshughulisha katika swala yake. Imepokewa na mama yetu Aisha (r.a.), iko katika Bukhari na Muslim. Mtazamo mmoja! Na ni Mtume wa Allah, mwenye moyo ambao mimi na wewe hatuna. Hakusema nitaizoea, hakusema nitajikaza. Aliivua. Nguo ile haikuwa haramu, wala hakumlaumu Abu Jahm aliyemzawadia. Kitu cha halali kikikushughulisha na Mola wako kinaondolewa mbele ya macho, na maneno yanaishia hapo. Sasa wewe unayejikaza mara thelathini kwa siku, nguvu hizo unazitoa wapi, na kwa nini uzitumie huko?

Na tunajua aya ya mwisho ya Surat al-Jumu'a. Mtume (s.a.w.) amesimama anahutubia, msafara wa biashara ukaingia Madina, watu wakatoka kuukimbilia wakamwacha amesimama. Jabir (r.a.) anasimulia kwamba walibaki watu kumi na wawili. Wanazuoni wa tafsiri wanataja kuwa mji ulikuwa na shida ya chakula na bei zilikuwa juu, na msafara ulipofika ulipigiwa ngoma. Watu wana njaa, chakula kimefika, na bado ikateremka aya ya kuwalaumu. Mimi nimekaa msikitini Ijumaa, khatibu yuko juu ya mimbari, kijana safu ya mbele yangu simu inamtetemeka mfukoni, anaitoa, anaifungua, anachukua "zawadi ya leo" halafu anairudisha. Hakutoka msikitini, kiwiliwili kipo. Swahaba walitolewa na ngano. Sisi tunatolewa na almasi za Free Fire ambazo huwezi kuzipika.

Nisieleweke vibaya. Sisemi michezo yote ni haramu, na wale wanaohubiri simu za vijana zivunjwe mimi siko nao. Siku ya Idi Wahabeshi walicheza na mikuki yao ndani ya msikiti wa Mtume (s.a.w.), na yeye mwenyewe alimsitiri Aisha (r.a.) akatazama mpaka akatosheka. Mchezo una nafasi yake katika dini hii. Lakini angalia nani alikwenda kwa nani. Ilikuwa siku ya Idi, wakati wake, na alipotosheka akaondoka. Wahabeshi hawakumfuata mpaka kitandani kumwambia mikuki iko tayari.

Michezo ya kamari na ubashiri hayamo katika maneno haya. Hiyo usiizime arifa. Ifute.

Sasa namna ya kufanya, maana nikiwaacha na mawaidha matupu mtasema amina na simu zitaendelea kulia. Kwa Android, njia rahisi ni kusubiri arifa yenyewe ije. Ikija, ibonyeze uishikilie, usiifungue. Itakuonyesha imetoka programu gani na sehemu ya kuizima. Zima. Ukitaka kuzimaliza zote kwa mkao mmoja, ingia Mipangilio, kisha Arifa, utaiona orodha ya programu, pita mchezo mmoja mmoja. Kwenye iPhone ni hivyo hivyo: mipangilio, arifa, chagua mchezo, ondoa ruhusa. Ondoa na ile namba nyekundu inayokaa juu ya picha ya mchezo, maana ile nayo ni hodi, ya kimya tu. Simu nyingi za bei nafuu zinakuja na duka la programu la mtengenezaji na michezo ambayo hukuipakua wewe, na hayo ndiyo yenye kelele kuliko yote. Msiyasahau. Ukizima kote na bado inakuja, fungua mchezo wenyewe, ndani yake kuna mipangilio mingine.

Halafu kuna kitu kinaitwa Usinisumbue. Kiwekee ratiba ya saa zile tatu za Surat an-Nur: baada ya Isha mpaka alfajiri, na muda wako wa mapumziko ya mchana. Ila muweke kando mama yako, baba yako, mkeo au mumeo, na jirani mwenye mgonjwa, simu zao ziruhusiwe kupita. Simu inakuruhusu kuchagua. Mtu akikupigia saa nane usiku huenda kuna msiba, na kuunga udugu ni wajibu. Hatumfungii binadamu mlango kwa ajili ya kosa la katuni.

Kuhusu watoto nitasema kwa ukali kidogo, mnisamehe. Baba unamkuta mwanao na tableti saa nne usiku, unafoka, unamwita mvivu, unamlinganisha na mtoto wa jirani aliyehifadhi juzuu tano. Tableti umeinunua wewe. Kengele iliyomwita hukuizima wewe. Mtoto wa miaka tisa ameitwa, kaitika, kama tulivyomfundisha kuitika akiitwa. Kosa lake liko wapi hapo? Kaa naye, shika tableti mbele yake, muonyeshe ujumbe ule na muulize: "Huyu anayekuita ni nani? Anakujua jina? Ukiumwa atakuja kukuona?" Watoto wana akili, watacheka wenyewe. Kisha zimeni pamoja, mkono wake na wako. Atakapotaka kucheza Jumamosi baada ya madrasa, acheze, na usimkere. Mkiwa na Family Link mnaweza kuweka saa ya kifaa kujifunga usiku, lakini msianze na kufuli kabla ya mazungumzo.

Dada mmoja aliniuliza ndani ya ujumbe: nikizima, mwanangu atapoteza ile hesabu ya siku alizocheza mfululizo, atalia. Ndiyo, atalia. Alilia pia ulipomwachisha ziwa.

Na ukiwa humo humo kwenye orodha ya arifa, teremka uitafute programu yako ya adhana. Nimeshika simu za ndugu kadhaa kuwasaidia jambo hili, na zaidi ya mara moja nimekuta adhana imezimwa sauti kwa sababu ilikuwa "inasumbua kazini", na mchezo wa ludo unalia kwa sauti kamili. Angalia yako ikoje. Kama imezimwa, iwashe kabla hujatoka humo.

Wabillahi tawfiq.